Amepima UKIMWI? Tuzielewe Istilahi za VVU na UKIMWI

Barazani, ndani ya mabasi, na hata katika vyumba vya walimu, si ajabu kuisikia sentensi kama hii: “Fulani amepima UKIMWI, majibu yametoka chanya, na ugonjwa wenyewe hauna tiba.” Asemaye hivyo huwa hana nia ya kudanganya. Sentensi yake haina kosa la sarufi, na kila aliye karibu naye huielewa papo hapo. Hata hivyo, tukiitazama kwa jicho la sayansi, tutaona kwamba kila kifungu chake kina kasoro. Kipimo alichopimwa huyo fulani hakikupima UKIMWI. Neno “chanya” halina maana ambayo wengi huidhani. Na neno “tiba” limebeba maana mbili ambazo ni hatari kuzichanganya.

Makala haya yana kusudi la kuichambua sentensi hiyo kifungu kwa kifungu. Istilahi za sayansi si pambo la vitabu. Kijana aliyepewa majibu asiyafahamu anaweza kumwambukiza mwenzake huku akijiona salama. Mgonjwa aliyeambiwa kwamba virusi vyake havigunduliki, akadhani amepona, anaweza kuziacha dawa na kurudi katika hatari. Hatuna budi, basi, kuanza na majina yenyewe.

Majina ya kwanza

Tarehe 5 Juni 1981 idara ya Marekani inayosimamia udhibiti wa magonjwa ilichapisha taarifa fupi kuhusu vijana watano wa kiume wa mji wa Los Angeles. Wote walikuwa wameugua homa ya mapafu ya aina ambayo kwa kawaida haiwapati watu wenye kinga kamili. Chanzo hakikujulikana, na kitu kisichojulikana chanzo hupewa jina kwa kufuata kile kinachoonekana. Jina mojawapo la mwanzo liliuhusisha ugonjwa huo na wanaume wanaojamiiana na wanaume peke yao. Jina hilo halikudumu, kwani baada ya muda mfupi waligunduliwa wagonjwa wanawake, watoto wachanga na watu waliotiwa damu hospitalini. Septemba 1982 ndipo jina AIDS lilipoanza kutumiwa rasmi.

Huku kwetu mambo yalikwenda kwa mwendo huohuo. Wagonjwa watatu wa kwanza kutambuliwa nchini Tanzania waliandikishwa mkoani Kagera mwaka 1983, na kufikia 1986 mikoa yote ya Tanzania Bara ilikuwa imekwisha kutoa taarifa za wagonjwa. Watu wa Kagera waliuita ugonjwa huo “Juliana”. Hilo lilikuwa jina la nguo ya fasheni iliyovushwa mpakani na wafanyabiashara kutoka Uganda, na kwa kuwa miongoni mwa waliougua mapema walikuwamo wafanyabiashara hao, jina la nguo likawa jina la maradhi. Nchini Uganda kwenyewe watu waliuita “siliimu”, kutokana na neno la Kiingereza lenye maana ya wembamba, na mwaka 1985 madaktari waliokuwa wakifanya kazi huko waliuelezea ugonjwa huo kwa jina hilo katika jarida la tiba la Uingereza.

Tuzingatie kwamba kila jina lilibeba nadharia ndani yake. Aliyesema “Juliana” aliuona ugonjwa kuwa ni jambo la wachuuzi wa magendo. Asiyekuwa mchuuzi alijihesabu kuwa yu nje. Aliyesema “siliimu” aliutambua ugonjwa kwa kukonda. Mwenye mwili mnene alihesabiwa kuwa mzima. Nadharia zote mbili zilikuwa na makosa, na watu walizilipia kwa maisha yao.

UKIMWI: silabi tatu zenye maana

Neno UKIMWI liliundwa kwa ustadi. Halikufuata herufi za mwanzo tu kama ilivyo desturi ya Kiingereza, bali lilichukua silabi: U ya “upungufu”, KI ya “kinga”, na MWI ya “mwilini”. Upungufu wa Kinga Mwilini. Matokeo yake ni neno linalotamkika kama neno lolote la Kiswahili. Ndugu zetu wa Kongo, Burundi na Rwanda walifuata njia nyingine: wengi wao husema “sida”, kwa kufuata herufi za Kifaransa.

Neno “upungufu” ni zuri kuliko “ukosefu”, ambalo baadhi ya watu hulitumia. Kinga haipotei kwa siku moja. Hupungua, na upungufu huo hupimika. Hata hivyo, jina la Kiingereza lina mambo mawili ambayo jina letu limeyaacha. La kwanza ni kwamba upungufu huu ni wa kupatikana, yaani mtu harithi kasoro hiyo katika vinasaba vyake bali huipata baada ya kuambukizwa. La pili ni kwamba UKIMWI ni mkusanyiko wa dalili na maradhi mbalimbali. Mgonjwa mmoja anaweza kupata kifua kikuu, wa pili akapata uvimbe wa utando wa ubongo, wa tatu akapata saratani ya ngozi, na wote watatu wakahesabiwa kuwa na UKIMWI. Mwalimu akiyaongeza mambo hayo mawili, jina letu litakuwa limekamilika.

Virusi na jina lake

Mwaka 1983 wataalamu wa Taasisi ya Pasteur mjini Paris, miongoni mwao Françoise Barré-Sinoussi na Luc Montagnier, walitoa taarifa ya kupata virusi vipya katika tezi za mgonjwa. Waliviita LAV. Mwaka 1984 Robert Gallo na wenzake nchini Marekani waliviita HTLV-III. Mwaka huohuo maabara nyingine ya Marekani, chini ya Jay Levy, iliviita ARV. Majina matatu, kirusi cha jamii moja! Mwezi Mei 1986 kamati ya kimataifa ilipendekeza jina moja la kuyamaliza mabishano, nalo ni HIV, lenye maana ya virusi vinavyopunguza kinga ya binadamu. Barré-Sinoussi na Montagnier walitunukiwa Nishani ya Nobel mwaka 2008.

Hapa pana jambo ambalo wanafunzi wachache wamepata kulisikia. Kamati ile ya 1986 ilikataa kwa makusudi kuliingiza neno AIDS ndani ya jina la virusi, maana madaktari wengi walikuwa wameiomba iliepuke. Kiswahili kilifanya kinyume chake. VVU ni “Virusi vya UKIMWI”: jina la ugonjwa limo ndani ya jina la virusi. Istilahi hiyo imekwisha kukubalika na hatuna haja ya kuibadili. Lakini tukijua ilivyoundwa, tutaelewa kwa nini ni rahisi mno kwa msemaji wa Kiswahili kusema “amepima UKIMWI” au “ameambukizwa UKIMWI”. Lugha yenyewe humsukuma huko. Mwalimu hana budi kuurudisha mpaka huo darasani.

Mpaka wenyewe ni huu. VVU ni kitu: ni chembe ndogo mno isiyoonekana kwa darubini ya kawaida ya shuleni, na ndiyo inayoambukizwa kutoka kwa mtu hadi mtu. UKIMWI ni hali: ni hatua ambayo mwili huifikia baada ya virusi hivyo kuiharibu kinga kwa muda mrefu. Virusi huziingia hasa seli nyeupe za damu ziitwazo CD4, ambazo ni kama makamanda wa jeshi la kinga. Mtu mzima mwenye afya huwa na seli hizo kati ya 500 na 1,500 hivi katika kila milimita moja ya ujazo ya damu. Zikipungua hadi chini ya 200, maradhi nyemelezi hupata njia. Pasipo matibabu, safari hiyo kwa watu wazima walio wengi huchukua miaka 8 hadi 10 hivi. Katika muda huo wote mtu ana VVU bila ya kuwa na UKIMWI, na kwa sura hawezi kutambulika.

Kwa sababu hiyo, wataalamu husema “mtu anayeishi na VVU”, na nchini Tanzania pametokea pia kifupisho WAVIU. Wapo wanaodhani kwamba huo ni upole wa maneno tu. Sivyo. Kumwita mtu “mwenye UKIMWI” ilhali kinga yake ni imara ni kosa la kitaalamu, sawa na kumwita mwenye vimelea vichache vya malaria kuwa amezimia.

Chanya na hasi

Sasa tuingie katika kifungu cha pili. Katika maisha ya kila siku jambo chanya ni jambo jema: mtazamo chanya, mabadiliko chanya. Katika maabara neno hilo halisifu wala halilaumu. Maana yake ni moja tu: kilichotafutwa kimeonekana. Hasi maana yake ni kwamba kilichotafutwa hakikuonekana. Swali la kuuliza basi ni hili: kilitafutwa nini?

Kipimo cha haraka kinachotumiwa katika zahanati zetu, kile cha tone la damu ya kidoleni, kwa kawaida hutafuta kingamwili. Hizi ni protini ambazo mwili huzitengeneza ili kupambana na virusi. Kipimo hicho, kwa maneno mengine, hakimtafuti mwizi bali huzitafuta nyayo za askari wanaomfukuza. Na askari hawafiki siku hiyohiyo. Baada ya kuambukizwa, mwili huhitaji muda kabla kingamwili hazijatosha kuonekana. Kwa kipimo cha namna hii muda huo ni kati ya siku 23 na 90. Wataalamu huuita kipindi cha dirisha.

Tuchukue mfano. Kijana amejihatarisha siku ya Jumamosi. Baada ya siku 10 anakwenda kupima, majibu yanakuwa hasi, naye anafurahi. Majibu hayo si ya uongo, ila yanajibu swali la wiki kadhaa zilizopita. Kuhusu Jumamosi ile bado hayajasema neno. Na shida ni kubwa zaidi kwa kuwa katika majuma hayo ya mwanzo virusi huwa vingi sana katika damu, na uwezekano wa kuambukiza huwa mkubwa. Ndiyo maana mshauri humwambia arudi kupima baada ya miezi 3.

Kinyume cha mfano huo hutokea kwa watoto wachanga. Mama anayeishi na VVU humpa mtoto kingamwili zake kupitia kondo la nyuma. Mtoto akipimwa kingamwili kabla ya kutimiza miezi 18, kipimo kinaweza kuonyesha chanya ilhali mtoto hana kirusi hata kimoja. Nyayo zilizoonekana ni za askari wa mama. Kwa sababu hiyo watoto hao hupimwa kwa njia nyingine, inayotafuta vinasaba vya virusi vyenyewe.

Jambo jingine ni kwamba kipimo kimoja hakitoshi kutoa hukumu. Tangu 2019 Shirika la Afya Duniani limependekeza vipimo vitatu mfululizo vyenye kuonyesha dalili ya maambukizi kabla ya mtu kuambiwa kwamba ana VVU. Kadhalika kipimo cha kujipima mwenyewe, ambacho sheria ya Tanzania ilikiruhusu kwa marekebisho ya 2019, ni hatua ya kwanza tu. Kikionyesha chanya, mhusika hana budi kwenda kituo cha afya kuthibitishiwa. Marekebisho hayohayo yalishusha umri wa kupima bila idhini ya mzazi kutoka miaka 18 hadi 15. Jambo hili linawahusu moja kwa moja wanafunzi wetu wa sekondari.

Tiba, matibabu na kupona

Kifungu cha tatu ndicho chenye madhara makubwa zaidi. Ukutani mwa hospitali pameandikwa “Kliniki ya Tiba na Matunzo”. Barabarani bango la zamani linasema “UKIMWI hauna tiba”. Mwanafunzi afuate lipi? Tatizo ni kwamba neno “tiba” hutumika kwa kitendo cha kutibu na pia kwa matokeo ya kupona. Kwa bahati nzuri Kiswahili kina maneno ya kutenganisha mambo hayo mawili: kutibu si kuponya, na matibabu si uponyaji. Sentensi sahihi ni hii: maambukizi ya VVU yana matibabu mazuri, ila dawa za kuyaponya kabisa hazijapatikana.

Tangu 1996 madaktari hutumia mchanganyiko wa dawa kadhaa kwa pamoja, ambazo huvizuia virusi visizaliane. Tanzania ilianza kuzitoa bila malipo katika hospitali za umma mwaka 2004. Mwanzoni watu waliziita “dawa za kurefusha maisha” au “dawa za kupunguza makali”. Baadaye likaenea jina “dawa za kufubaza virusi”. Jina hili limechaguliwa vema. Kufubaa ni kupungukiwa na nuru, kama kitambaa kilichochujuka rangi: kitambaa kingalipo, ila mng'ao umekwisha. Ndivyo ilivyo kwa virusi. Sehemu yao hujificha ndani ya vinasaba vya seli zilizolala, mahali ambapo dawa haziwezi kuvifikia. Dawa zikiachwa, kwa watu walio wengi virusi huibuka tena baada ya majuma machache.

Kutokana na maelezo hayo tunaweza kulielewa neno lililoleta furaha na pia mkanganyiko: “havigunduliki”. Mtu anayetumia dawa vizuri, wingi wa virusi katika damu yake hushuka hadi maabara ishindwe kuvigundua. Mwaka 2011 uchunguzi uliofanywa kwa jozi 1,763 za wenzi katika nchi 9, Kenya ikiwamo, ulionyesha kwamba kuanza matibabu mapema kulipunguza kwa asilimia 96 maambukizi kwa mwenzi. Uchunguzi mwingine uliochapishwa 2016 na 2019 uliwafuatilia wenzi ambao mmoja wao alikuwa na virusi visivyogundulika, wala haukupata hata tukio moja la kumwambukiza mwenzi huyo kwa njia ya kujamiiana. Ndipo ikaja kanuni kwamba asiye na virusi vinavyogundulika haambukizi kwa kujamiiana. Kwa mama anyonyeshaye hatari hupungua sana, lakini kanuni hiyo haijapanuliwa hadi huko.

Basi “havigunduliki” si “havipo”. Ni kauli kuhusu uwezo wa kipimo na nguvu ya dawa. Haisemi kwamba mtu amepona. Mwaka 2011 maelfu ya watu walisafiri hadi kijiji cha Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha dawa ya mitishamba kilichosifiwa kuponya maradhi mengi, UKIMWI ukiwamo. Miongoni mwao walikuwamo waliokuwa wakitumia dawa za kufubaza virusi, na wapo waliozisimamisha kwa kuamini kwamba wamekwisha kupona. Aliyekuwa akijisikia mzima siku ile alikuwa mzima kwa nguvu ya dawa alizoziacha.

Sindano si lazima iwe chanjo

Zipo pia herufi zinazofanana ambazo mwanafunzi hana budi kuzitenga. PEP ni dawa za dharura anazopewa mtu baada ya kujihatarisha, kwa mfano aliyebakwa au mhudumu wa afya aliyejichoma sindano. Ni lazima zianzwe kabla ya saa 72 kupita, na hutumika kwa siku 28. PrEP ni dawa-kinga anazotumia mtu asiye na VVU kabla ya kujihatarisha. Mwezi Julai 2025 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza dawa-kinga ya aina hii iitwayo lenacapavir, ambayo huchomwa mara mbili tu kwa mwaka. Kwa kuwa ni sindano, wapo watakaoiita chanjo. Siyo chanjo. Chanjo huufundisha mwili kujitengenezea kinga yake wenyewe. Sindano hii ni dawa inayolinda kwa muda wote inapokuwamo mwilini, na ikiisha, ulinzi nao huisha.

Neno “zinaa” na neno “kuambukiza”

Kwa miaka mingi vitabu vya shule viliweka VVU chini ya kichwa “magonjwa ya zinaa”. Zinaa kwa Kiswahili si kujamiiana tu. Ni kujamiiana kulikoharamishwa. Neno hilo tayari limekwisha kutoa hukumu kabla ya daktari kufungua kinywa. Je, mke aliyeambukizwa na mumewe wa ndoa amefanya zinaa gani? Na mtoto aliyezaliwa na virusi? Pasipo matibabu, mtoto 15 hadi 45 kati ya kila 100 wanaozaliwa na mama wenye VVU huambukizwa tumboni, wakati wa kuzaliwa au kwa kunyonya. Matibabu yanaweza kuishusha idadi hiyo chini ya 5. Mama anayeogopa kuitwa mzinzi hatakwenda kupima, na asipopima, mtoto hatapata kinga hiyo. Ni afadhali kusema “magonjwa yaambukizwayo kwa kujamiiana”.

Neno “kuambukiza” nalo lahitaji maelezo. Mafua huambukiza, surua huambukiza, na VVU huambukiza. Neno ni moja, njia ni mbalimbali. VVU hupita kwa kujamiiana bila kinga, kwa damu, na kutoka kwa mama hadi mtoto. Havipiti kwa kushikana mikono, kwa kikombe, kwa choo, kwa kikohozi, wala kwa mbu. Mwanafunzi anayekataa kuketi dawati moja na mwenzake mara nyingi hana roho mbaya. Amelisikia neno bila ya kuambiwa njia.

Asilimia ya nani?

Takwimu nazo zina istilahi zake. “Ushamiri” ni sehemu ya watu wote walio na VVU kwa wakati fulani, wa zamani na wapya pamoja. “Maambukizi mapya” ni wale walioambukizwa katika muda maalumu, kwa kawaida mwaka mmoja. Fikiri juu ya pipa la maji: ushamiri ni maji yaliyomo ndani ya pipa, maambukizi mapya ni yale yatokayo bombani, vifo ni maji yanayovuja chini. Dawa zikizuia vifo, pipa linaweza kujaa zaidi hata kama bomba limefungwa nusu. Anayesoma kwamba idadi ya wanaoishi na VVU imepanda asikimbilie kusema kwamba kinga imeshindwa. Pengine watu wameacha kufa.

Utafiti wa kitaifa wa Tanzania wa 2022–2023 ulikuta ushamiri wa asilimia 4.4 kwa watu wenye miaka 15 na zaidi, yaani watu wapatao milioni 1.5. Maambukizi mapya yalikadiriwa kuwa takriban 60,000 kwa mwaka. Nambari zote mbili ni sahihi, nazo zinajibu maswali tofauti. Utafiti wa 2003–2004 ulikuwa umepata asilimia 7.0. Je, tunaweza kutoa 4.4 katika 7.0? Hapana, si moja kwa moja, maana ule wa awali ulihusu Tanzania Bara peke yake na watu wa miaka 15 hadi 49.

Utafiti huohuo wa 2022–2023 ulionyesha kwamba takriban asilimia 83 ya wanaoishi na VVU walijua hali yao. Asilimia 98 ya hao wanaojua walikuwa kwenye matibabu. Na asilimia 94 ya hao wanaotibiwa virusi vyao vilikuwa vimefubazwa. Mtu akisoma haraka ataona 98 na 94 akadhani kazi imekwisha. Lakini kila asilimia ni ya kundi lililotangulia. Kwa watu 100, wanaojua ni 83. Wanaotibiwa ni 81 hivi. Waliofubaza virusi ni 76 hivi. Takriban mmoja kati ya kila wanne bado. Hesabu hii yaweza kufanywa na mwanafunzi wa kidato cha kwanza, na inafundisha zaidi ya hotuba nyingi.

Namna ya kuzipima habari

Habari za UKIMWI leo si haba: vijitabu, magazeti, redio, simu za mkononi. Shida imekuwa ni kuzichambua. Tunapendekeza maswali manne. Kwanza, imeandikwa lini? Mwanafunzi akilifungua jarida la 1985 katika maktaba, atakuta herufi ARV zikiwa jina la virusi. Leo herufi hizohizo ni jina la dawa za kuvipinga virusi hivyo. Maandishi ya kabla ya 1996 yatamwambia kwamba kuambukizwa ni kifo, nayo yalisema kweli kwa siku zake. Pili, kimepimwa nini: kingamwili, virusi, au seli za CD4? Tatu, asilimia ni ya kundi gani, la umri gani, la mahali gani? Nne, msemaji anauza kitu?

Kwa habari za nchini, Tume ya Kudhibiti UKIMWI Tanzania iliyoundwa kwa sheria ya 2001, Tume ya UKIMWI Zanzibar, Wizara ya Afya na Ofisi ya Taifa ya Takwimu hutoa taarifa na miongozo. Kwa habari za dunia yapo Shirika la Afya Duniani na UNAIDS, iliyoanza kazi mwaka 1996. UNAIDS imetoa pia mwongozo wa istilahi unaoeleza maneno yapi yatumike na kwa sababu gani. Wala tusimsahau muuguzi wa kliniki iliyo karibu na shule. Maswali mengi huyajibu kila siku.

Mwalimu anaweza kuifanya kazi hii darasani kwa saa moja. Kila mwanafunzi alete sentensi moja aliyoisikia au kuisoma juu ya UKIMWI. Darasa liichambue: kuna neno gani lenye maana mbili? Kisha iandikwe upya.

Nasi tuiandike upya ile yetu ya mwanzo: “Fulani amepima VVU, vipimo vimethibitisha kuwa anavyo, naye ameanza matibabu.” Hakuna neno lililobaki la kumtisha anayesikiliza, wala la kumfanya jirani aogope kwenda kupima. Imebaki kasoro moja, nayo haimo katika istilahi. Sheria ya Tanzania ya 2008 kuhusu VVU na UKIMWI inalinda siri ya majibu ya mtu. Fulani mwenyewe ndiye mwenye haki ya kuitamka sentensi hiyo. Sisi wengine, tukiwa tumekwisha kuyajua maneno yake, tuitumie elimu hiyo kwa kumsikiliza siku atakapoamua kuisema.